Wane, Edwards au Farrell: ukitaka ukocha wa raga, ufuate njia ya nani?

Kila klabu ya raga ina mchezaji wa aina hii. Umri umevuka thelathini, goti linamsumbua tangu msimu wa juzi, lakini mazoezini bado sauti yake ndiyo inayosikika zaidi: anawapanga wenzake, anawakemea chipukizi wanaokaba kwa kunyoosha mikono badala ya kuingia na bega. Wote wanajua atakuwa kocha, na yeye mwenyewe anajua. Asichokijua ni pa kuanzia. Awachukue vijana wa akademia? Ashike kazi moja, ulinzi kwa mfano, hadi awe fundi wake? Au alenge moja kwa moja kiti cha kocha mkuu?

Mji mmoja wa kaskazini magharibi mwa Uingereza umelijibu swali hilo mara tatu, kwa namna tatu. Shaun Wane, Shaun Edwards na Andy Farrell wote ni wazaliwa wa Wigan, wote waliivalia klabu ya Wigan katika raga ya wachezaji 13 kila upande, na wote wakawa makocha wa kutajika. Wane alibaki katika mchezo wake na kupanda ngazi kutoka kwa vijana. Edwards alihamia raga ya 15 akawa fundi wa ulinzi, na bado ni fundi wa ulinzi. Farrell naye alihama, akaanza na ulinzi vilevile, kisha akawa kocha mkuu wa Ireland na wa British & Irish Lions, timu ya pamoja ya England, Wales, Scotland na Ireland.

Niseme mapema ninakoegemea: kwa wachezaji wengi wa kwetu, Farrell, mwenye jina kubwa kuliko wote watatu, ndiye mgumu zaidi kuigwa. Nafikiri wengi wanaomtaja hawajaitazama njia yake yote, wameangalia mwisho tu.

Mchezo waliotoka

Raga ya 13 ilizaliwa tarehe 29 Agosti 1895, katika hoteli moja mjini Huddersfield, klabu za kaskazini mwa England zilipojitenga na wenzao. Ugomvi ulikuwa wa pesa. Wachezaji wa kaskazini walikuwa wachimba makaa na watu wa viwandani. Kucheza Jumamosi kulimaanisha kukosa ujira wa siku hiyo, na wakubwa wa mchezo hawakutaka kusikia habari ya fidia. Wigan ilikuwa miongoni mwa klabu zilizojitenga. Kwa karne nzima michezo hiyo miwili ilitazamana kwa jicho baya, hadi Agosti 1995 raga ya 15 nayo ilipokubali kulipa wachezaji waziwazi.

Ili uelewe kwa nini watu wa Wigan walitafutwa kama makocha, lazima ujue tofauti moja ya kiufundi. Katika raga ya 13, timu yenye mpira hukabwa mara sita tu kisha huupoteza. Kila mtu anapoangushwa, mchezo unasimama kidogo: aliyeanguka anainuka, anauzungusha mpira nyuma kwa mguu, na walinzi wanarudi mita 10. Hakuna rundo la watu wanaogombea mpira chini. Kwa hiyo mlinzi hana pa kujificha. Anarudi mstarini, anapanda na wenzake, anakaba, anarudi tena, na kazi hiyo anairudia dakika 80. Mchezaji aliyelelewa hivyo anaujua mstari wa ulinzi kama dereva wa matatu anavyoujua mtaa wake.

Raga ya 15 ya miaka hiyo haikuwa hivyo. Walinzi walisimama kwa makundi makundi, kila mmoja na mtu wake, na nafasi zilikuwa tele. Mara tu pesa zilipoingia, timu zikaanza kuajiri watu wa raga ya 13 kuja kufundisha kukaba. Phil Larder, aliyewahi kuchezea Oldham, ndiye aliyekuwa kocha wa ulinzi wa England ilipotwaa Kombe la Dunia mwaka 2003. Mlango ambao Edwards na Farrell walipitia baadaye ulikuwa umeshasukumwa.

Mei 1996 kulitokea jambo ambalo wapenzi wa raga ya saba hapa kwetu watalifurahia. Wigan na Bath, mabingwa wa michezo hiyo miwili, zilikutana mara mbili. Kwa sheria za raga ya 13 Wigan ilishinda 82-6, kwa sheria za raga ya 15 Bath ikajibu 44-19. Katikati ya mechi hizo Wigan ikaenda Twickenham, makao makuu ya wale waliowanyanyapaa karne nzima, ikacheza mashindano ya Middlesex ya wachezaji saba kila upande, na ikayatwaa kwa kuifunga Wasps katika fainali. Miaka mitano baadaye Wasps hao hao walimchukua Edwards awafundishe.

Uwanjani walikuwa nani

Hapa hawalingani hata kidogo, na ni vizuri ijulikane.

Edwards alisajiliwa na Wigan siku aliyotimiza miaka 17, Oktoba 1983, kwa pauni 35,000, pesa nyingi mno kwa mtoto wa shule wakati huo. Baba yake, Jackie, alikuwa mchezaji wa Warrington aliyelazimika kuacha mapema kwa jeraha la uti wa mgongo. Kijana akawa nahodha aliyenyanyua Kombe la Challenge, lile la mtoano la raga ya 13, mwaka 1988 akiwa na miaka 21, na medali zake za kombe hilo zikafika tisa, nane kati ya hizo mfululizo kuanzia 1988 hadi 1995. Fainali ya 1990 aliimaliza mfupa wa uso ukiwa umevunjika. Mwaka huohuo akapewa tuzo ya Man of Steel, ile ya mchezaji bora wa msimu. Mwaka 1992 alifunga miguso 10, yaani kuugusisha mpira chini nyuma ya mstari wa mpinzani, katika mechi moja dhidi ya Swinton.

Farrell alianza kuichezea timu ya wakubwa akiwa na miaka 16, akaichezea Uingereza akiwa na 18, akawa nahodha wake akiwa na 21. Man of Steel aliichukua mara mbili, 1996 na 2004. Kwa Wigan alicheza mechi 370 na kufunga pointi zaidi ya 3,000, nyingi kwa mguu wake wa kushoto.

Wane? Alikuwa mchezaji wa safu ya mbele, mtu wa kazi ngumu. Alikuwemo Wigan ilipoifunga Manly ya Australia 8-2 mwaka 1987 katika mechi ya mabingwa wa dunia, kisha akapitia Leeds na Workington. Hakuna anayemweka kwenye meza moja na wenzake hawa wawili kama mchezaji. Lakini ndiye pekee kati yao aliyeiongoza Wigan kama kocha mkuu, na akaipa mataji.

Kama ulikuwa mchezaji wa kawaida na unadhani hilo linakufungia mlango, msome Wane kwanza.

Walivyoingia

Wane aliingia kwa mlango wa nyuma: vijana. Alifundisha chipukizi wa Wigan kwa miaka, akawa msaidizi wa Michael Maguire, Mwaustralia aliyeipa klabu ubingwa wa 2010 na Kombe la Challenge la 2011. Maguire aliporudi kwao, Wane akakabidhiwa timu. Alikuwa na miaka 47. Msimu wa 2013 akachukua ubingwa na Kombe la Challenge kwa mpigo, na katika fainali ya ligi Wigan ilikuwa nyuma 16-2 dhidi ya Warrington kabla ya kugeuza mambo na kushinda 30-16. Aliongeza ubingwa wa 2016 na wa 2018, na mwaka 2017 akaifunga Cronulla ya Australia 22-6 katika mechi ya mabingwa wa dunia. Mechi yake ya mwisho Wigan ilikuwa ile fainali ya 2018. Ni wachache wanaoondoka hivyo.

Faida ya njia yake haionekani kwenye orodha ya mataji. Kocha aliyeanza na vijana huwa na wachezaji wanaomjua tangu wakiwa watoto. George Williams alipanda kutoka akademia ya Wigan hadi timu ya wakubwa mikononi mwa Wane, na baadaye, Wane alipokuwa kocha wa England, akawa nahodha wake. Huwezi kununua uaminifu wa namna hiyo sokoni.

Edwards alistaafu mwaka 2000, na mwaka uliofuata akajiunga na Wasps, London, kufundisha mchezo ambao hakuwahi kuuchezea kwa kulipwa. Alikuwa na bahati ya kukutana na Warren Gatland, aliyepewa timu muda mfupi baadaye. Gatland alimwachia ulinzi wote. Ubingwa wa England ulikuja 2003, 2004 na 2005, ukarudi 2008, na Ulaya waliitawala 2004 na 2007. Kuanzia 2005, Ian McGeechan akiwa msimamizi wa juu, Edwards alibeba cheo cha kocha mkuu wa klabu. Kwa hiyo si kweli, kama wengine wanavyosema, kwamba hajawahi kukaa kwenye kiti hicho. Alikaa, akashinda, kisha akachagua kurudi kwenye ufundi wake.

Farrell aliingia kwa maumivu. Machi 2005 alihamia Saracens, klabu ya raga ya 15, kama mchezaji, akiwa nyota mkubwa kuliko wote wa raga ya 13. Majeraha yakamweka nje mwaka mzima na zaidi. Alipopona, England ilimchezesha mechi nane tu, zote mwaka 2007. Magazeti yalimwandika kama biashara iliyofeli. Alipotundika daluga mwaka 2009, Saracens ikambakiza kama kocha, na mwaka 2011 klabu ikatwaa ubingwa wa England, mwanawe Owen, kijana wa miaka 19, akiwa ndiye mpigaji wa mikwaju.

Nadhani ile miaka ya kushindwa ndiyo iliyomfaa zaidi. Edwards alihamia raga ya 15 kama mwalimu na hakuwahi kuaibishwa nayo uwanjani. Farrell aliaibishwa nayo, na akalazimika kuisoma upya kama mwanafunzi wa mwaka wa kwanza.

Kazi yenyewe: fundi au mwenye nyumba

Hiki ndicho kipengele kinachofaa kukuamulia, kuliko mataji yote.

Kazi ya fundi wa ulinzi ni nyembamba na ya kina. Chukua aina ya ulinzi aliyoijenga Edwards Wasps na kisha Wales. Mpinzani ametoa mpira kutoka kwenye rundo. Walinzi wote wako mstarini, macho kwa mpira, mguu mmoja mbele. Mpira ukitoka tu, wanapanda kwa kasi, na wa nje, yule anayesimama mbali na rundo, anawatangulia kidogo wa ndani, ili kuikata njia ya pasi kwenda pembeni. Mshambuliaji anainua kichwa na kuona ukuta unaomkunja kurudi ndani, kule kulikojaa watu. Mkabaji wa kwanza anakwenda miguuni, wa pili anaukaba mpira. Wa tatu ana nusu sekunde ya kuamua: aingie kuugombea, au auache na asimame mstarini kusubiri wimbi linalofuata. Akiamua vibaya mara mbili, kuna pengo. Kocha wa ulinzi anaishi ndani ya ile nusu sekunde. Video anayotazama usiku, mazoezi anayobuni, makelele anayopiga, yote ni juu ya uamuzi wa huyo mtu wa tatu.

Akifaulu, matunda yanaonekana haraka. Mwaka 2007 Wales ilishinda mechi moja tu katika Mataifa Sita, mashindano ya kila mwaka ya Ulaya, na ikatolewa makundini kwenye Kombe la Dunia na Fiji. Gatland na Edwards wakaingia. Mechi yao ya kwanza, Februari 2008, ilikuwa Twickenham, ambako Wales haikuwa imeshinda kwa miaka 20. Walikuwa nyuma mapumzikoni, wakashinda 26-19. Wakamaliza mashindano wameshinda mechi zote tano na kuruhusu miguso miwili tu. Miwili, kwa mechi tano! Mwaka 2013 walifungwa na Ireland kwanza, kisha wakacheza mechi nne zilizobaki bila kuruhusu mguso hata mmoja. Wales ilishinda mechi zote tano tena 2012 na 2019, na Edwards alipohamia Ufaransa chini ya Fabien Galthié, Ufaransa nayo ikafanya hivyo 2022 na kutwaa ubingwa tena 2025.

Kazi ya kocha mkuu ni nyingine kabisa. Farrell wa Ireland hashughulikii huyo mtu wa tatu, ana msaidizi wa kufanya hivyo. Yeye anaamua nani aitwe na nani aachwe, anawaambia wachezaji wa miaka mingi kwamba safari imefika mwisho, anazungumza na waandishi wa habari, anajadiliana na klabu, na anajenga hali ya kambini. Wachezaji wa Ireland wamesema mara nyingi kwamba alibadilisha hewa: baada ya enzi ya Joe Schmidt, kocha aliyemtangulia, iliyokuwa na ukali wa kupanga kila hatua, yeye aliwapa nafasi ya kupumua na kuamua wenyewe uwanjani. Mwaka 2022 wakaifunga New Zealand kwao, mechi mbili kwa moja, jambo ambalo Ireland haikuwahi kulifanya. Mwaka 2023 wakashinda mechi zote tano za Mataifa Sita, na mwisho wa mwaka yeye akatajwa kocha bora wa dunia. Mwaka 2024 wakautetea ubingwa. Mwaka 2025 akaiongoza Lions nchini Australia na kushinda mfululizo 2-1.

Sasa jiulize bila kujidanganya. Usiku kabla ya mechi, unachokiwaza ni kile kipande cha mchezo, au ni wale watu 23 na nyuso zao? Ukijibu "kipande cha mchezo", kiti cha kocha mkuu kitakuchosha hata ukikipata.

Walivyoanguka

Ulinganisho wa makocha usiotaja vichapo ni tangazo la biashara, kwa hiyo tuvitaje.

Farrell alikuwa msaidizi wa Stuart Lancaster katika timu ya England kwenye Kombe la Dunia la 2015, nyumbani kwao. Septemba 26 wakafungwa na Wales 28-25 Twickenham. Usiku ule Sam Burgess, nyota mwingine wa raga ya 13 aliyekuwa na muda mfupi tu katika mchezo mpya, alianzishwa katikati, na lawama za uteuzi huo zikaelekezwa kwa Farrell. Wiki moja baadaye Australia ikawamaliza 33-13. Wenyeji nje, makundini. Eddie Jones alipoingia, Farrell alitoka. Na aliyekuwa akipanga ulinzi wa Wales usiku ule wa 28-25? Edwards.

Jambo ambalo wengi hulisahau ni kwamba miezi michache baadaye, mapema 2016, Farrell alirudi kuwa msaidizi tena, safari hii Ireland. Hakutafuta kiti kikubwa cha kufuta aibu. Novemba mwaka huo Ireland iliifunga New Zealand 40-29 mjini Chicago, kwa mara ya kwanza katika historia yake. Akakaa msaidizi hadi Kombe la Dunia la 2019 lilipokwisha. Kwa hesabu yote ni karibu miaka kumi ya kukaa pembeni ya wakubwa wengine: McCall wa Saracens, Lancaster wa England, Gatland kwenye Lions, Schmidt wa Ireland. Hicho ndicho kipande ambacho mashabiki wake huruka.

Edwards naye alionja kuachwa. Machi 2013 Wales iliibamiza England 30-3, ulinzi wa Edwards ukiwa umeinyima hata mguso mmoja England hiyo, ambayo Farrell alikuwa msaidizi wake. Lakini kwa ziara ya Lions ya Australia mwaka huohuo, Gatland, mwenzi wake wa miaka yote, ndiye aliyechagua makocha, na kwenye nafasi ya ulinzi akaandika jina la Farrell. Fundi huteuliwa na mtu mwingine, na huyo mtu mwingine ana hesabu zake. Hiyo ndiyo gharama kubwa ya njia ya ufundi: heshima unayo, kalamu huna.

Kisha kuna ile habari ya Wigan. Agosti 2018 klabu ilitangaza kwamba Edwards angerudi kuwa kocha mkuu kuanzia msimu wa 2020. Mji mzima ukashangilia. Mwaka uliofuata ikabainika hatakwenda, mwenyewe akisema hakuwahi kusaini mkataba. Watu wa nyumbani waliumia. Mimi simlaumu sana, maana aliyeamua kuwa fundi asilazimishwe kuwa chifu kwa sababu tu kijiji kinamtaka. Ila kutangaza ndoa kabla ya mahari si busara kwa upande wowote.

Kwa Wane, jeraha ni la England. Alipewa timu ya taifa ya raga ya 13 mwaka 2020. Kombe la Dunia la 2022 lilifunguliwa Newcastle kwa England kuinyuka Samoa 60-6. Wiki nne baadaye timu hizohizo zikakutana nusu fainali jijini London. Dakika 80 zikaisha 26-26, muda wa nyongeza ukachezwa kwa sheria ya anayefunga kwanza ameshinda, Stephen Crichton wa Samoa akadondosha mpira, akaupiga ukapita katikati ya nguzo: 27-26. England nje. Mwaka 2025 Australia ikaja kwa mechi tatu na kuzishinda zote. Hapo ndipo udhaifu wa njia yake unapojitokeza. Kocha wa klabu ana wachezaji wake kila siku na anaweza kuwakuza kama alivyozoea. Kocha wa taifa anawapata kwa wiki chache, na mazoea ya kulea hayana muda wa kufanya kazi.

Walipokutana ana kwa ana

Kuanzia 2020 hadi 2024, Ireland ya Farrell na Ufaransa yenye ulinzi wa Edwards zilikutana kila mwaka katika Mataifa Sita. Ufaransa ilishinda tatu za mwanzo: 35-27, 15-13 na 30-24. Ireland ikashinda mbili zilizofuata: 32-19 Dublin na 38-17 Marseille. Oktoba 2023 zote mbili zikatolewa robo fainali ya Kombe la Dunia wikendi moja, Ireland na New Zealand 28-24, Ufaransa na Afrika Kusini 29-28. Ukitaka kutumia matokeo hayo kuamua nani bora, utachoka. Mimi nayasoma hivi: kocha mkuu alihitaji muda ili kazi yake ionekane, wakati kazi ya fundi ilionekana mara moja.

Basi wewe uchague ipi?

Inategemea uko wapi na una nini mkononi, na kwetu mambo mawili yanabadilisha hesabu.

La kwanza, klabu zetu nyingi haziwezi kumlipa mtu wa ulinzi peke yake. Hata kwenye Kenya Cup, ligi kuu ya raga ya Kenya, kocha mara nyingi anabeba kila kitu, kuanzia mazoezi ya viungo hadi kutafuta basi la kwenda mechi za ugenini. Kwa hiyo anayesema "mimi nataka kuwa Edwards" ajue kwamba kwa miaka ya mwanzo atafanya ufundi huo ndani ya kazi nyingine. La pili, raga ya 13 huku haina mizizi ya maana. Ile faida ya kuvuka na maarifa ambayo wenzako hawana utaipata penginepo, kwa mfano ukitoka raga ya saba kwenda ya 15 na elimu ya kasi na nafasi, au ukitoka mieleka au judo na elimu ya kumwangusha mtu bila kumvunja.

Kama bado unacheza, au umeacha msimu huu, na jina lako halivuki mipaka ya kaunti, chukua njia ya Wane bila kusitasita. Mashule yanahitaji makocha, hakuna anayegombania wanafunzi wa kidato cha pili, na makosa yako ya mwanzo hayataipotezea timu ubingwa wa ligi. Itakuchukua miaka. Pesa ni kidogo au hakuna, kwa hivyo usiache kazi yako ya mchana.

Kama una kitu kimoja unachokijua kuliko watu wote klabuni, iwe kukaba, skramu au kupokea mipira ya juu, njia ya Edwards inakuita, lakini kwa sharti moja: tafuta kocha mkuu anayekuamini. Bila Gatland, habari ya Edwards ingeandikwa vingine. Kama kocha mkuu wa klabu yako hapendi kushirikisha mtu, ufundi wako utaishia kubeba koni, na ni afadhali uhamie timu ndogo ya jirani yenye mtu msikivu.

Njia ya Farrell naipendekeza kwa mtu mmoja tu: aliyekwisha kuwa nahodha kwa muda mrefu, anayeweza kumwambia rafiki yake wa damu kwamba hayumo kikosini na kesho yake wakanywa chai pamoja, na aliye tayari kuwa chini ya wengine kwa miaka mingi kabla. Tunaye wa kwetu wa kumtazama: marehemu Benjamin Ayimba, nahodha wa Kenya aliyegeuka kocha, akaifikisha Kenya nusu fainali ya Kombe la Dunia la raga ya saba Dubai mwaka 2009, kisha Aprili 2016 akaifunga Fiji 30-7 katika fainali ya Singapore. Ayimba alikuwa mtu wa kiti kikubwa tangu mwanzo. Lakini usisahau ilivyokuwa kati ya 2009 na 2016: aliondoka, wengine wakaingia, akarudi. Kiti hicho hakina mwenyewe.

Kuna swali la familia pia, na sitalirefusha. Farrell amemfundisha mwanawe Saracens, England na kwenye Lions, na kila mara wameulizwa kama ni upendeleo. Ukiwa na mdogo wako au mtoto kikosini, mwachie msaidizi wako aamue nafasi yake na liandikwe mapema, kabla ya msimu.

Kwa atakayeanza mwezi huu: kozi ya awali ya World Rugby iitwayo Rugby Ready iko mtandaoni na ni bure, unaweza kuimaliza kwa simu. Ngazi ya kwanza huendeshwa kupitia vyama vya nchi, kwa hiyo uliza ofisi ya chama chenu tarehe mapema, maana nafasi hujaa. Wakati unasubiri, mwombe kocha wako dakika 20 za mazoezi ya Jumanne, kipande cha kukaba tu, na uombe mtu akurekodi. Utakapoitazama video, acha wachezaji kwanza, jisikilize wewe: umesema maneno mangapi, na wamekaba mara ngapi.